Kijana wangu analala kwenye gari huko Marekani. Ni kweli, au ananidanganya?

Swali: "Mwalimu, mimi ni mama wa watoto wanne, naishi Uyole. Kifungua mimba wangu alishinda grini kadi ya bahati nasibu, akaenda Marekani miaka sita iliyopita. Yuko Los Angeles. Mchana anafanya kazi ghalani, jioni anasambaza vyakula kwa gari lake. Mwezi uliopita alinitumia ujumbe wa sauti huku analia, akasema tangu Machi hana chumba, analala humo humo garini. Shemeji yangu anasema huo ni uongo wa kutaka hela, eti Marekani mwenye kazi hawezi kukosa pa kulala. Kanisani wananong'ona kwamba wanaolala nje kule ni wavuta unga au waliochanganyikiwa. Mimi mwenyewe nimeona kwenye simu mahema yamejaa barabarani, nikashindwa kuelewa inakuwaje kwa nchi tajiri vile. Tuna kiwanja Isyesye, kuna mtu anatupa milioni nane. Niuze nimtumie? Au nimwambie arudi nyumbani?"

Shikamoo mama. Nianze na hilo linalokukosesha usingizi: anachokueleza kijana wako kinawezekana kabisa. Simjui, kwa hiyo siwezi kumwekea dhamana. Lakini mtu mwenye kazi mbili anayelala garini Los Angeles si hadithi ya kutunga. Wapo wengi, nami nimewahi kuwahesabu.

Nilisoma mji huo miaka miwili, masomo ya mipango miji na makazi, na Januari moja nikajitolea kwenye zoezi la kuhesabu watu wasio na makazi. Tulipewa ramani ya mitaa michache, tochi na karatasi, tukaambiwa tusimwamshe mtu. Mahema yalihesabika upesi. Kazi ilikuwa kwenye magari. Mama mmoja mwenyeji, aliyekuwa na uzoefu wa miaka kadhaa, alinionyesha cha kutazama: vioo vyenye ukungu kwa ndani, taulo lililobanwa dirishani, viatu vilivyopangwa vizuri karibu na usukani. Tukafika kwenye gari dogo la rangi ya fedha. Nyuma palikuwa pametundikwa shati la sare ya kazi, limepigwa pasi, na chini ya shati hilo mtu amejikunja amelala. Nilitia alama moja kwenye karatasi, tukasogea. Hilo shati mpaka leo halijanitoka. Kwa hiyo shemeji yako akisema mwenye kazi hawezi kulala nje, mimi namkumbuka mwenye shati lile.

Zoezi hilo hufanyika nchi nzima, usiku mmoja wa mwishoni mwa Januari, kama vile sisi tulivyohesabiwa kwa waliolala usiku wa kuamkia tarehe 23 Agosti 2022. Januari 2024 walipatikana watu 771,480, idadi kubwa kuliko zote tangu hesabu hizo zianze kuchapishwa. Karibu 150,000 kati yao walikuwa watoto. Ili uione idadi hiyo, lichukue jiji letu lote la Mbeya, kutoka kwenu Uyole mpaka Iyunga, kila mwenye nyumba na kila mpangaji. Kwa sensa ya 2022 hatufiki hata 550,000. Zaidi ya theluthi ya wale waliohesabiwa hawakuwa hata kwenye bweni la hifadhi. Walikuwa kwenye mahema, chini ya madaraja, na kwenye magari kama kijana wako.

Marekani ina watu zaidi ya milioni 330, kwa hiyo wasio na makazi ni kama 23 katika kila watu 10,000. Shemeji yako ana haki ya kusema wengi wana pa kulala. Ila hiyo ni hesabu ya usiku mmoja tu, na aliyehifadhiwa kwenye kochi la rafiki hahesabiwi. Shule zao zina hesabu tofauti, inayowaingiza na watoto ambao familia zao zimebanana kwa ndugu baada ya kupoteza nyumba. Kwa hesabu hiyo, mwaka wa masomo wa 2021-22 wanafunzi walikuwa zaidi ya milioni moja na laki mbili. Sisi mtu wa namna hiyo hatumwiti asiye na makazi. Tunasema yuko kwa mjomba.

Sasa nije kwenye yale ya kanisani, maana ndiyo yanayoumiza zaidi. Unga upo. Ugonjwa wa akili upo. Nimewaona watu Los Angeles wanaozungumza na hewa mchana kutwa, na hilo sitalificha. Lakini kama unga ndio ungekuwa chanzo, basi jimbo linaloongoza kwa vifo vya dawa za kulevya ndilo lingejaa mahema. Jimbo la West Virginia limekuwa likiongoza au likiwa karibu na kuongoza kwa vifo hivyo, kwa uwiano wa watu wake, kwa miaka mingi, na bado wasio na makazi huko ni wachache ukilinganisha na California. Tofauti ni kwamba West Virginia nyumba ni za bei nafuu. Mlevi wa kule analewa ndani ya nyumba.

Nakupa mfano wa Kabwe, mama. Ni saa nne usiku, imebaki Hiace moja ya kwenda Uyole, na abiria wanaosubiri wanazidi viti kwa watano. Mlango ukifunguliwa ni vurugu. Watakaoachwa kituoni nadhani unawajua hata kabla gari halijafika: bibi mwenye fimbo, mama mwenye mtoto mgongoni, kijana aliyelewa, na yule mgeni asiyejua mlango utafunguka upande gani. Asubuhi ukiuliza kwa nini yule alilala kituoni utajibiwa, "alikuwa amelewa." Ni kweli alikuwa amelewa. Lakini hata angekuwa mzima, watu watano wangeachwa vile vile, angebadilika tu jina. Ulevi, maradhi, talaka na ugeni huamua nani aachwe. Wangapi waachwe, hiyo ni hesabu ya viti. Na mtu akishaachwa nje miezi, baridi, hofu na kukosa usingizi vinamharibu, kiasi kwamba wengine huanza kutumia dawa wakiwa tayari barabarani. Anayepita na kuwaona siku hiyo anadhani ulevi ndio uliotangulia.

Viti vya Los Angeles viko hivi. Mwaka 2024 kima cha chini cha mshahara California kilikuwa dola 16 kwa saa. Mtu akipiga saa 40 kila wiki bila kukosa, anapata kama dola 2,770 kwa mwezi kabla ya kodi ya serikali. Nyumba ndogo ya chumba kimoja mjini pale ni kama dola 2,000. Na kabla ya kukupa funguo, wenye nyumba wengi hutaka uonyeshe kipato mara tatu ya kodi ya nyumba, yaani dola 6,000. Wanachungulia pia rekodi yako ya madeni. Ukishawahi kufukuzwa nyumba kwa amri ya mahakama, jina lako linabaki kwenye kumbukumbu na kila unapoomba wanaliona. Hapa unaweza kumbembeleza mwenye nyumba, ukamlipa kwa mafungu, ukamleta mjumbe akuombee. Kule kijana wako anaomba kwa kompyuta, na kompyuta inamkataa.

Chuo Kikuu cha California cha San Francisco kilitoa utafiti mwaka 2023, wa watu wapatao 3,200 wasio na makazi jimboni humo. Kwa kipimo cha kati, yaani nusu yao wako chini ya hapo na nusu juu yake, kipato cha kaya zao katika miezi sita kabla ya kupoteza nyumba kilikuwa dola 960 kwa mwezi. Tisa katika kila kumi walipoteza makazi yao ya mwisho humo humo California, kwa hiyo hata ule usemi kwamba wanatoka mbali kufuata jua la kule hausimami. Watafiti wa Chicago nao, waliolinganisha majina na kumbukumbu za kodi ya mapato, walikuta zaidi ya nusu ya watu wazima waliokuwa kwenye mabweni ya hifadhi walikuwa na kipato cha kazi rasmi mwaka huo huo.

Kwa nini basi hawajengi vyumba vya kutosha? Hapa ndipo taaluma yangu ilipo, unisamehe nikikaa kidogo. Fikiria wewe ulivyoanza Uyole. Nadhani ulianza kama wengi wetu: chumba kimoja cha tofali za kuchoma, bati chache, mkahamia, sebule ikaja baada ya mavuno, vyumba vya uani mkapangisha. Aliyekosa hata hicho alipanga chumba kwenye nyumba ya watu, choo cha kuchangia. Ngazi yetu ina vipandio vya chini kabisa, vibovu lakini vipo. Marekani walivikata. Kwa miongo mingi karibu robo tatu ya ardhi ya makazi ya Los Angeles ilitengwa kwa nyumba ya familia moja tu, yenye bustani yake. Ukitaka kuweka vyumba sita vya kupanga, ni kosa. Na zile gesti za zamani za katikati ya miji, ambamo kibarua alilipia chumba kwa wiki na kuchangia bafu, zilibomolewa au kugeuzwa. Inakadiriwa nchi nzima walipoteza vyumba milioni moja vya aina hiyo, hasa miaka ya 1970 na 1980. Wanaolala barabarani leo zamani wangelala humo.

Kipindi kile kile zilikuwa zikifungwa hospitali za wagonjwa wa akili. Mwaka 1955 zilikuwa na wagonjwa zaidi ya 550,000. Rais Kennedy alisaini sheria mwaka 1963 ya kuwahudumia wagonjwa karibu na jamii zao, nia njema kabisa, lakini vituo vingi vilivyoahidiwa havikujengwa. Wagonjwa wakatoka, vyumba vya bei nafuu navyo vikatoweka. Ukiongeza na misaada ya serikali ya nyumba, ambayo haikuwahi kuwa haki ya kila mwenye shida, unapata mahema uliyoyaona. Mpaka leo, katika kila kaya nne zenye sifa ya kupata msaada wa kodi ya nyumba kutoka serikali kuu, ni kama moja tu inayoupata. Nyingine tatu ziko foleni, na foleni ni ya miaka.

Lingine unalopaswa kulijua kama mama wa kijana mweusi kule. Weusi ni kama asilimia 12 hadi 13 ya Wamarekani, lakini kwenye hesabu ya 2024 walikuwa karibu theluthi ya wasio na makazi. Kuanzia miaka ya 1930 mitaa yao ilichorwa kwa rangi nyekundu kwenye ramani za mikopo, wakanyimwa fedha za kununulia nyumba. Aliyenyimwa nyumba hakumrithisha mwanawe nyumba. Kijana wako hakuwepo, lakini ameingia kwenye foleni hiyo hiyo.

Na inatibika, nalisema kwa uhakika. Marekani hiyo hiyo iliamua kuwapa kipaumbele askari wake wastaafu, ikawapa vocha za kulipia kodi ya nyumba na wahudumu wa kuwafuatilia, na waliokosa makazi wakapungua kwa zaidi ya nusu kati ya 2010 na 2024. Finland tangu 2008 inampa mtu chumba chenye funguo zake kwanza, halafu ndiyo inahangaika na pombe yake au madeni yake. Miaka ya 1980 ilikuwa na wasio na makazi wapatao 18,000, mwaka 2024 hawakufika 4,000. Ukitaka kujua kwa nini nchi tajiri inashindwa, jibu langu ni kwamba utajiri wenyewe ndio uliopandisha bei ya ardhi, na wenye nyumba tayari ndio wenye sauti kwenye vikao vya kuzuia nyumba mpya jirani na zao.

Sisi nasi tusijipake mafuta. Watoto wanaolala kwenye vibaraza vya Mwanjelwa Julai, baridi ile unayoijua, ni wa kwetu. Kinachotuokoa wengi ni ndugu. Kwa Kinyakyusa mtu anakuamkia "ugonile?", yaani umelala? Kijana wako kule hana mtu wa kumuuliza hivyo asubuhi, na nadhani ndiyo maana alilia kwenye ule ujumbe. Aibu ilimfanya akae kimya kwa muda wote ule. Ukimpokea kwa mashaka ya shemeji, atanyamaza tena.

Kuhusu kiwanja. Milioni nane ni kama dola 3,000. Kwa nyumba ya dola 2,000, kodi ya mwezi wa kwanza pamoja na amana ni dola 4,000, kwa hiyo haitoshi hata kufungua mlango. Na ingetosha, mwezi wa pili angerudi kwenye hesabu ile ile. Kwa njia hiyo usiuze. Katika ule utafiti wa San Francisco wengi walisema dola 300 hadi 500 za kuongezea kodi kila mwezi zingewazuia wasipoteze nyumba, na wengi zaidi walisema hivyo kuhusu fedha za mkupuo kati ya 5,000 na 10,000. Lakini hapo ni kabla hujaanguka. Kumwinua aliyekwisha kuanguka ni ghali zaidi.

Kuna hali moja tu ambayo ningekuelewa ukimtumia fedha, si lazima za kiwanja: akipata chumba kimoja ndani ya nyumba ya watu, akichangia jiko na bafu, kwa kodi isiyozidi theluthi ya kipato chake au inayoizidi kidogo tu. Watanzania na Wakenya wengi kule huanza hivyo, na mwenye nyumba akiwa mtu wa jamii hiyo au wa kanisa, haulizi sana habari za kompyuta. Hapo dola mia chache za amana zinaweza kumvusha. Waulize ndugu wa familia nyingine hapa Mbeya wenye watoto California, mtandao huo una nguvu kuliko unavyodhani.

Yeye mwenyewe apige 211. Ni simu ya bure ya kuwaelekeza watu kwenye misaada, Los Angeles inapokelewa usiku na mchana, na anaweza kuomba mkalimani. Ajiandikishe kwenye mfumo wa kaunti wa kupanga wenye uhitaji, na aulize maegesho ya usiku yanayolindwa kwa wanaolala magarini, ambayo mara nyingi huwa na choo na mhudumu. Hilo ni muhimu kuliko linavyosikika, kwa sababu Juni 2024 Mahakama ya Juu ya Marekani iliruhusu miji kuwaadhibu wanaolala mahali pa umma, hata kama hawana pa kwenda. Nasi tuna sheria za uzururaji tulizorithi kwa Mwingereza, kwa hiyo unaijua ladha yake. Mwenye grini kadi hazuiwi kuomba vocha ya kodi. Ila asiipangie maisha, foleni ni ndefu.

Kurudi nyumbani si aibu, na asikilizwe kama anataka. Lakini asipande ndege kwa hasira. Mwenye grini kadi akikaa nje ya Marekani zaidi ya mwaka bila kibali cha kurejea anaweza kuhesabiwa ameiacha, na kibali hicho huombwa akiwa bado kule. Halafu, miaka sita imeshapita. Kwa kawaida baada ya miaka mitano mtu anaweza kuomba uraia, na wa kipato kidogo wanaweza kuomba kupunguziwa ada. Faida na hasara zake kwa upande wa uraia wa Tanzania azipime vizuri. Kabla ya uamuzi wowote aonane uso kwa uso na wakili wa uhamiaji, wapo wa msaada wa kisheria wasiotoza. Hapo mimi si mtaalamu.

Kuna jambo moja lisilosubiri wakili. Akianza kusema amechoka kuishi, au sauti yake ikabadilika, anaanza kuongea mambo yasiyounganika, apige 988, simu ya kule ya msaada kwa anayefikiria kujiua au aliyezidiwa kiakili, au aende idara ya dharura ya hospitali yoyote iliyo karibu. Wewe nawe, kama umefika wiki kadhaa hulali na chakula hakipiti, nenda hospitali ukaongee na daktari, au mwone afisa ustawi wa jamii wa halmashauri. Usiubebe mzigo huu na minong'ono ya kanisani peke yako.

Mpigie saa moja asubuhi ya Uyole. Kule itakuwa saa mbili au saa tatu usiku, muda ambao yupo anatafuta pa kuegesha. Usianze na kiwanja wala shemeji. Muulize amekula nini na analala wapi usiku huo. Halafu muulize bima na usajili wa gari vinaisha lini, na kama analisogeza, kwa maana kule likikaa barabarani sehemu moja zaidi ya saa 72 linaweza kuvutwa, na gharama za kulikomboa hupanda kila siku. Gari hilo ndilo kazi yake ya jioni na ndilo kitanda chake. Kama una laki moja ya kumtumia mwezi huu, iende huko kwanza.